Mtumishi akifa leo, familia yake ipimwe kwa kanuni ya leo

MWENYE duka la rejareja kijijini anaijua tarehe ya mishahara ya serikali kuliko hata mwalimu mwenyewe. Anajua ni wiki gani sukari itatoka kwa fedha taslimu na ni wiki gani itatoka kwa daftari. Muuza mbolea naye anajua ni nani atakayelipa mfuko wa urea mwisho wa mwezi, kwa sababu mume ni mkulima lakini mke ni nesi wa zahanati. Mshahara wa mtumishi mmoja wa umma vijijini si wake peke yake. Ndio mtaji wa shamba, ndio dhamana ya mkopo, na ndio unaolipa vibarua wa palizi.

Siku mtumishi huyo anapofariki, daftari la dukani linafungwa kabla hata ya arobaini. Nimeona wafanyabiashara wengi wakilalamika juu ya madeni ya marehemu, lakini ni wachache wanaojiuliza ile familia itaishi vipi na serikali inawajibika kwa kiasi gani. Wiki hii naomba tusafiri kidogo hadi India, kwa sababu wenzetu wale wana utaratibu ambao hapa kwetu watu huutamani bila kuujua vizuri. Wapo wanaosema serikali ingekuwa inampa mtoto wa marehemu nafasi ya baba yake, matatizo yote yangekwisha. India wamefanya hivyo kwa miongo kadhaa. Tutazame kilichowapata.

Utaratibu wao tunaweza kuuita ajira ya huruma. Mtumishi wa umma akifia kazini, au akistaafishwa mapema kwa sababu ya maradhi, mtu mmoja wa familia yake, aghalabu mjane au mtoto, anaweza kupewa kazi serikalini bila kushindana na waombaji wengine. Hakuna mtihani wa maelfu ya watu wala tangazo gazetini. Kuna maombi, vyeti, uchunguzi wa hali ya familia, na kamati inayoamua.

Ukisikia hivyo, unaona ni jambo la kiungwana kabisa. Lakini katiba ya India, katika ibara ya 14 na ya 16, inasema raia wote wana haki sawa na nafasi sawa ya kupata kazi za umma. Kumpa mtu kazi kwa sababu baba yake alikuwa karani ni kumnyima kijana mwingine ambaye baba yake alikuwa mkulima wa mpunga. Nawaomba wakulima wanaosoma safu hii walitafakari hilo, maana mkulima akifa shambani hakuna wizara inayomwita mwanawe ofisini.

Mwaka 1994 Mahakama ya Juu ya India ilitoa hukumu katika shauri lililotoka jimbo la Haryana, na hukumu hiyo ndiyo inayotajwa hadi leo kila suala hili linapofika mahakamani. Ilisema ajira ya huruma si haki ya kurithi. Ni msamaha mdogo uliotolewa nje ya utaratibu wa kawaida, kwa lengo moja tu: kuivusha familia katika shida ya ghafla iliyoletwa na msiba. Kwa hiyo inahusu kazi za daraja la tatu na la nne, yaani makarani, wahudumu na kada za namna hiyo. Haihusu kazi za juu. Na shida ikishapita, msamaha nao hauna sababu ya kuwepo.

Serikali kuu ya nchi hiyo ikaweka na kipimo. Kwa mujibu wa mpango wake wa mwaka 1998, nafasi za namna hii zisizidi 5 katika kila nafasi 100 za kada za chini zinazojazwa kwa ajira mpya. Hesabu hiyo inaeleweka kwa yeyote anayegawa shehena ndogo kwa wateja wengi. Ofisi ikiajiri makarani 40 kwa mwaka, familia za wafiwa zinapata nafasi 2. Zikiwa familia 15 zinazoomba, 13 zinarudi nyumbani na kuambiwa zisubiri mwakani. Mwakani wanakuja wafiwa wapya.

Hapo ndipo foleni inapoanza kuwa ndefu, na hapo ndipo suala la kubadilika kwa kanuni linapoingia.

Mwaka 2003 serikali kuu ilitoa waraka ukisema jina la mwombaji lisikae kwenye orodha zaidi ya miaka 3. Nafasi isipopatikana katika muda huo, faili lifungwe. Familia nyingi zikafungiwa, si kwa sababu zimetajirika, bali kwa sababu ofisi hazikuwa na nafasi. Mwaka 2012 waraka huo ukaondolewa. Mwaka 2013 yakatoka maelezo kwamba mtoto wa kiume aliyekwisha kuoa hahesabiwi kuwa tegemezi, hivyo hastahili. Mwaka 2015 yakatoka maelezo mengine kwamba anaweza kufikiriwa akitimiza masharti yaliyobaki. Fikiria vijana wawili waliofiwa na baba zao, wote wameoa. Mmoja faili lake limesomwa mwaka 2014, mwingine mwaka 2016. Msiba wao ni uleule, lakini majibu yao ni mbingu na ardhi.

Kwenye mabenki mambo yalikuwa makali zaidi. State Bank of India, benki kubwa ya umma, ilikuwa na mpango wake wa kuajiri warithi. Tarehe 4 Agosti 2005 ikaufuta na kuweka badala yake malipo ya fedha ya mkupuo mmoja. Mfanyakazi wake mmoja alikuwa amefariki Oktoba 2004, na familia ikaomba kazi Juni 2005. Maombi yakiwa bado mezani, mpango ukafutwa. Shauri likapanda hadi Mahakama ya Juu, na mwaka 2010 mahakama ikasema familia haina haki ya kazi. Kinachotazamwa ni mpango uliopo wakati maombi yanaposhughulikiwa. Mpango wa zamani umekufa, basi wafuate mpya.

Miaka 5 baadaye, mwaka 2015, mahakama hiyohiyo ikasikiliza shauri la benki nyingine, Canara Bank. Mfanyakazi alifariki mwaka 1998, benki ikaleta mpango mpya wa malipo mwaka 2005. Safari hii mahakama ikasema familia ipimwe kwa mpango wa zamani wa mwaka 1993 uliokuwepo wakati wa kifo. Kisha, kama kwamba hayo hayatoshi, mwaka 2014 mabenki ya umma yalikuwa yamekwisha kuruhusiwa kurudisha ajira ya huruma. Kwa maneno mengine, aliyefiwa kabla ya 2005 na aliyefiwa baada ya 2014 wana tumaini la kazi. Wa katikati walipata bahasha.

Lakini kisa kinachoniuma zaidi ni cha jimbo la Karnataka. Kanuni zao za mwaka 1996 zilimruhusu mtoto aliyefiwa akiwa mdogo asubiri hadi atimize miaka 18, halafu aombe kazi ndani ya mwaka mmoja. Aprili 1999 kanuni ikabadilishwa: maombi yawe ndani ya mwaka mmoja tangu siku ya kifo, na mwombaji awe tayari ana miaka 18. Kwa hiyo mtoto aliyefiwa na mzazi akiwa na miaka 10 hana lake tena. Wapo walioomba baada ya kufikia utu uzima, serikali ikawaajiri, wakafanya kazi, kisha ikagundua kwamba kwa kanuni mpya hawakustahili, ikawaachisha. Machi 2020 majaji 3 wa Mahakama ya Juu wakaiunga mkono serikali ya jimbo. Wakasema kanuni inayotumika ni ile iliyopo siku maombi yanapofikiriwa.

Msomaji, utaona mpaka hapo angalau kuna mwelekeo. Unaweza usiupende, lakini unaeleweka: kanuni mpya ndiyo kanuni. Basi subiri.

Desemba 2021 likaamuliwa shauri jingine la jimbo hilohilo. Mwalimu wa kike ambaye hakuwa ameolewa alifariki Desemba 2010. Ndugu yake wa kiume akaomba kazi. Wakati wa kifo, kanuni hazikumtambua ndugu wa mtumishi wa kike. Mwaka 2012 zikarekebishwa na kumtambua. Kwa mantiki ya hukumu ya mwaka 2020, ungetarajia kanuni mpya imsaidie. Haikumsaidia. Majaji wakasema ni afadhali kutumia kipimo kisichoyumba kama tarehe ya kifo, kuliko tarehe ya kufikiria maombi, ambayo inategemea mambo ya bahati.

Mimi nakubaliana kabisa na sababu ile ya majaji. Tarehe ya kifo haiyumbi. Hakuna karani anayeweza kuisogeza mbele. Lakini ukizipanga hukumu hizi mbili kando kwa kando, unaona jambo la ajabu: kanuni mpya inapomwumiza mfiwa inatumika, na inapomfaa haitumiki. Hata mchezo wa karata una huruma kuliko huo.

Wanasheria wa serikali watanijibu kwamba ajira ya huruma ni hisani, na mtoa hisani anaweza kubadili mawazo. Hoja hiyo nina heshima nayo kidogo, kwa sababu serikali haiwezi kufungwa mikono milele na mpango wa mwaka 1974 au wa 1998. Fedha hubadilika na mahitaji ya ofisi hubadilika. Sina ugomvi na serikali kubadili kanuni kwa ajili ya misiba ya kesho. Ugomvi wangu ni pale kanuni ya kesho inapotumika kwa msiba wa jana.

Sababu yangu ni ya kibiashara. Ukimkopesha mkulima mfuko wa mbolea Novemba kwa bei mliyokubaliana, huwezi kumdai bei ya Juni wakati wa mavuno kwa kuwa wewe ulichelewa kwenda kudai. Ucheleweshaji ni wako. Vivyo hivyo, tarehe ya kufikiria maombi iko mikononi mwa ofisi, si mikononi mwa mjane. Ofisi ikikaa na faili miaka 7, kisha ikasema sasa kanuni imebadilika, imejilipa kwa uzembe wake yenyewe. Tena kuna mtego wa pili. Kwa kuwa mahakama zimesema lengo ni kuvuka shida ya ghafla, ofisi inaweza kusema: mbona miaka 10 imepita na bado mko hai? Basi shida imekwisha. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu ilikataa madai ya familia za watumishi wa manispaa moja katika jimbo la West Bengal, na moja ya sababu ilikuwa hiyohiyo ya muda mrefu uliokwisha kupita. Na Februari 2025 ikaamua juu ya mtu ambaye baba yake alifariki mwaka 2001. Ajira alikosa, ingawa mahakama iliamuru alipwe fedha. Huyo ametumia karibu robo karne ya maisha yake akidai kitu kilichokusudiwa kumsaidia katika miezi ya mwanzo ya msiba.

Kuna na suala la mabinti. Kwa miaka mingi kanuni za majimbo mengi zilimtambua mtoto wa kiume hata akiwa ameoa, lakini binti akishaolewa alifutwa. Jimbo la Uttar Pradesh, lenye watu wengi kuliko majimbo yote ya India, lilikuwa na kanuni za tangu mwaka 1974. Desemba 2015 Mahakama Kuu ya jimbo hilo ikasema ubaguzi huo unavunja katiba. Karnataka nako mahakama ikasema hivyohivyo Desemba 2020. Haya ni mabadiliko mazuri. Binti ndiye mara nyingi anayebaki na mama mjane, aolewe asiolewe, na wasomaji wa huku kwetu hawahitaji mtu wa India awafundishe hilo.

Sasa nirudi kwa wale wanaotamani mpango huu hapa. Kazi inapokuwa mali ya kurithi, inaleta tabia za mali ya kurithi. Ndugu wanagombana nani asaini maombi, maana kazi ni moja na watoto ni watano. Mjane anampa mwanawe mkubwa nafasi kwa ahadi kwamba atawatunza wengine, kisha kijana anaoa na kuhamia mjini. Na yapo mabaya zaidi. Novemba 2020, katika wilaya ya Ramgarh, jimbo la Jharkhand, polisi walisema kijana mmoja alimuua baba yake mzazi, mfanyakazi wa kampuni ya umma ya makaa ya mawe, ili aipate kazi yake. Sisemi kila familia iko hivyo, la hasha. Nasema serikali isitengeneze utaratibu ambao kifo cha mzazi ndio mlango pekee wa kazi kwa kijana asiye na kazi.

Hapa Tanzania ajira za umma zinapitia Sekretarieti ya Ajira, na mtu anatakiwa asailiwe. Naona tubaki hapo. Mtoto wa nesi na mtoto wa muuza nyanya waingie mlango mmoja. Lakini hilo lina maana kwamba familia ya mtumishi aliyefariki haina tegemeo jingine isipokuwa mafao, na mafao nayo yana historia yake ya kubadilishwa kanuni watu wakiwa njiani.

Nani amesahau kikokotoo? Mwaka 2018 mifuko ya PSPF, LAPF, GEPF na PPF iliunganishwa kuwa PSSSF. Mwishoni mwa mwaka huo kanuni mpya zikaweka malipo ya mkupuo kuwa asilimia 25, wakati wanachama wa PSPF na LAPF walikuwa wamezoea asilimia 50. Kelele zikawa nyingi, na Desemba 28, 2018 Rais John Magufuli akaagiza kanuni za zamani ziendelee hadi mwaka 2023. Haikufika 2023. Julai 2022 ikaja asilimia 33 kwa wote. Waliokuwa wakipata 25 wakafurahi, waliokuwa wakipata 50 wakalia. Katika bajeti ya mwaka 2024 serikali ikatangaza kuongeza hadi asilimia 40 kwa wale waliokuwa kwenye 50, na 35 kwa wengine.

Chukua walimu wawili wa shule moja, wote wanachama wa zamani wa PSPF, mmoja amestaafu Juni 2022 na mwingine Julai 2022. Mmoja amenunua trekta la mkono na kujenga banda la kuku. Mwingine amekuta mkupuo wake umepungua sana, ingawa pensheni yake ya kila mwezi ni kubwa zaidi. Wataalamu wa hesabu wanaweza kututhibitishia kwamba akiishi miaka mingi atafidiwa. Sawa. Lakini muuza vifaa vya ujenzi aliyemkopesha saruji mwaka 2021 kwa kutegemea ile asilimia 50 naye alikuwa na hesabu zake.

Ndiyo maana nasema suala hili si la wafanyakazi peke yao. Kila kanuni inayobadilishwa katikati ya safari inavunja mikataba midogomidogo ambayo haikuandikwa popote, ya dukani, ya shambani, ya SACCOS. Kanuni mpya ingetangazwa mapema na kuwahusu wanaoingia kazini baada ya tarehe fulani, au angalau ikashuka kwa hatua, hata mkopeshaji wa kijijini angeweza kupanga. India wenyewe walipobadili pensheni walifanya hivyo: mpango mpya wa kuchangia uliwahusu walioajiriwa serikali kuu kuanzia Januari 1, 2004, na waliotangulia wakaachwa kwenye wa zamani. Kumbe inawezekana. Iliwezekana kwa mstaafu, ikashindikana kwa yatima.

Kwa familia ya aliyefariki ningependa kuona sharti jingine: siku ya kifo iandikwe juu ya faili, na kila hesabu ifanywe kwa kanuni ya siku hiyo, hata faili likikaa miaka 3 mezani. Na likikaa, muda huo ulipiwe riba. Mfanyabiashara akichelewesha kodi anatozwa riba. Sioni kwa nini ofisi inayochelewesha fedha ya mjane iachwe hivihivi.

Wakati tunasubiri hayo, wewe mwenye mtumishi wa umma nyumbani usisubiri. Hakikisheni cheti cha ndoa kipo, na kama ndoa ni ya kimila itafutiwe uthibitisho wakati wote wawili wako hai. Vyeti vya kuzaliwa vya watoto visomeke jina lilelile la mzazi lililoko kwenye hati ya mshahara, maana herufi moja ikitofautiana inaweza kuwarudisha mjini mara nyingi. Majina ya warithi yaliyoandikwa kwenye mfuko yaangaliwe upya kila mtoto anapozaliwa. Msiba ukitokea, cheti cha kifo kitafutwe mapema, barua ya kuomba mafao ipelekwe kwa mkono, na nakala igongwe muhuri wa mapokezi wenye tarehe. Nakala hiyo isikae kwa shemeji wa mjini. Ikae nyumbani, kwenye sanduku moja na hati ya shamba.